Kirudishi: Asubuhi Iliyogeuzwa

Msomaji, kidole cha Mpima Macho kingali juu ya gurudumu, na mlango wa chumba cha nyuma ungali unagongwa.

"Fungua!" Ni sauti ya mama mkwe wake, aliyetoka hospitali moja kwa moja bila hata kupitia nyumbani. "Fungua nikuulize! Mwanangu mdogo amegonga ukuta wa zahanati kwa lori mchana kweupe, barabara tupu! Daktari anasema mguu mmoja hauponi, watamkata. Nani kampa miwani ile?"

Mpima Macho aliusikia kila neno. Jibu alikuwa nalo, tena fupi mno. Yeye.

Usoni alikuwa amevaa Kirudishi, kile kifaa alichokiunda marehemu baba mkwe wake kwa fremu ya chuma ya kupimia macho, chenye gurudumu dogo la shaba ubavuni. Mzee yule alimfundisha yeye peke yake jinsi ya kukitumia. Gurudumu likigeuzwa, siku hurudi mpaka asubuhi yake, jana haifikiki. Asubuhi iliyokwisha kugeuzwa haigeuki tena. "Na usikivae kwa sababu ya aibu," mzee alimwonya. "Mwenye aibu ukimpa nafasi ya pili, hatatengeneza. Ataficha."

"Fungua, mke wa mwanangu!"

Akageuza.

Kelele zilikatika kama redio iliyochomolewa. Jua la asubuhi lilikuwa dirishani. Kirudishi kilikuwa kimerudi ndani ya sanduku lake. Na katika kiti cha wateja, miguu yote miwili ameinyoosha mbele, alikaa shemeji yake, dereva wa lori, akipiga mluzi.

"Shemeji, vipi? Mbona unanitazama miguu? Soksi zimetoboka?"

Mpima Macho alicheka hata machozi yakamtoka.

"Sasa unalia! Nimekuja kuchukua miwani, sikuja kuaga."

"Ni vumbi tu, shemeji. Hebu ivae nione."

Dereva akavaa miwani yake mpya, akasimama, akapiga hatua akainua goti juu kama anayevuka mtaro.

"Naiona sakafu imeinama. Au ndiyo kawaida yake?"

Asubuhi ile ya kwanza, msomaji, Mpima Macho alimjibu kwa neno ambalo wauza miwani wote hulisema pasipo kufikiri: "Macho yatazoea." Dereva akaamini. Akaenda zake akingoja macho yazoee, nayo yakamfikisha kwenye ukuta wa zahanati.

Safari hii alimvua ile miwani bila neno, akaiinua kwenye mwanga. Lenzi ya jicho la kulia ilikuwa kushoto, na ya kushoto ilikuwa kulia.

Alijua imetokeaje. Mpima macho humkabili mteja, kwa hiyo kulia kwa mteja ni kushoto kwake yeye. Ndiyo maana kazi ile ina sharti moja lisilovunjwa: kulia ni kulia kwa mwenye macho. Mpimaji huziandika lenzi alama kwa kalamu ya nta, huziweka katika kisahani, na kukipitisha kwenye kidirisha kwa fundi anayezichonga. Fremu ikiwa ya pembe, lenzi zilizokosewa zitakataa kuingia. Lakini siku hizi kila mtu anataka fremu za duara, na duara hupokea chochote.

Jana yake, wakati akiandika alama zile, mama mmoja mwenye cheo alikuwa ameegemea kaunta akimsifu. "Nimezunguka maduka yote," alisema mama yule. "Wewe ndiye mtu pekee asiyekosea." Mpima Macho alikuwa akizinywa sifa zile kama maji ya baridi, na mkono wake uliandika kulia kwake mwenyewe.

Naye ndiye huyohuyo aliyewahi kumtoa nje mwanafunzi wa mazoezi, mbele ya wateja, kwa kosa lilelile.

Sasa alikuwa amepewa kila kitu. Shemeji alikuwa mzima, lenzi zilikuwa mkononi, na siku ilikuwa mbichi. Alibakiwa na kazi ya kusema, "Nimekosea, naomba mnisubiri." Msomaji, hata mtoto wa chekechea angeliweza.

Alichukua kitambaa, akazifuta alama za nta. Kisha akaenda kwenye kidirisha.

"Mume wangu."

"Naam, daktari wangu." Mumewe, fundi wa lenzi, alikuwa ameinamia jiwe la kuchongea, aproni imemjaa unga mweupe wa vioo. Humwita hivyo kila siku, nusu kwa mzaha na nusu kwa fahari.

"Lenzi za mdogo wako umezigeuza."

Jiwe likasimama.

"Mimi?"

"Umezisoma alama zangu kutoka upande wako wa meza. Kisahani kilikuwa kimekuelekea vibaya."

Fundi aliipokea miwani, akaitazama kwenye taa. Alizitafuta alama asizione, wala hakuuliza zimekwenda wapi. Kwa nini aulize? Mkewe hakosei, mji mzima unajua.

"Ni kweli," alisema polepole. "Zimekaa kinyume. Loo! Na huyu ni mtu wa barabarani."

"Basi zirudishe. Hakuna aliyeumia."

"Angeumia lakini."

Dereva alisikia, akachungulia kidirishani akicheka. "Kaka, kumbe ulitaka kuniua! Si ungesema tu kama unautaka urithi wangu? Lori lenyewe halina hata breki za maana."

"Nisamehe, mdogo wangu."

"Aa, kaka, natania."

"Mimi sitanii. Nisamehe."

Alimwomba radhi mdogo wake huku amesimama, aproni ameikunja mkononi, naye mkewe alikuwa pembeni, akirekebisha fremu za kwenye kabati ambazo hazikuhitaji kurekebishwa.

Lenzi zikarudishwa mahali pake. Dereva akavaa, akatembea dukani kote. "Ahaa! Sakafu imelala sasa. Hata wewe, kaka, leo nakuona ulivyo na sura mbaya."

Fundi hakucheka. Alimgeukia mkewe. "Niambie ukweli. Ni hii peke yake?"

"Ni hii peke yake."

Alimkazia macho kitambo, kama mtu anayepewa pole msibani, akatikisa kichwa. "Mdogo wangu, nipe lifti," alisema. "Nina kishughuli kidogo huko uendako."

Mpima Macho hakuuliza shughuli gani. Lori lilipoondoka alikaa kitini akashusha pumzi. Alimhudumia bibi aliyetaka kamba ya miwani, akamtania, akampunguzia bei. Mchana ulifika. Ile saa ya ajali ya zahanati ikaja, ikapita. Simu haikulia.

Aliyeingia alikuwa mama mkwe.

Hakugonga wala hakubisha hodi. Alifunga mlango wa duka nyuma yake, akakaa kwenye kiti cha wateja, mkoba mapajani.

"Nimepita zahanati," alisema. "Ukuta umesimama."

Mpima Macho alichukua kitambaa, akaanza kufuta kaunta. "Ukuta gani, Mama?"

"Usinifanye mtoto. Nilikuwa nagonga mlango huo wa nyuma, nalia. Mara nikajikuta jikoni kwangu nachuja chai, asubuhi, machozi hata shavuni hayajakauka. Nikasema, leo nimerukwa na akili. Nikatoka kumtafuta mwanangu, baadaye nikamkuta kwenye kituo cha mafuta anafuta vioo vya lori. Nikamshika miguu, mmoja mmoja. Akaniambia, 'Mama, acha, utaniangusha!' Hapo nikakumbuka kile kidude cha marehemu mume wangu. Alidhani sikijui. Mwanamume gani anaweza kumficha mkewe kitu kilicholala chini ya kitanda?"

Marehemu alikuwa amemwambia Mpima Macho kwamba yeyote aliye karibu na Kirudishi kinapogeuzwa hubaki na kumbukumbu zake. Katika haraka yake aliutegemea mlango. Mlango ni ubao tu.

Alisubiri hukumu. Badala yake mama mkwe alinyoosha mikono, akaishika yake yote miwili.

"Nimekuja kukushukuru, mwanangu. Na kukuomba radhi."

"Radhi ya nini, Mama?"

"Nilikuja hapa kukushitaki wewe. Njia nzima kutoka hospitali nilikuwa nakulaani, nakwambia wewe ndiye uliyemponza mtoto wangu. Kumbe kosa ni la mume wako. Amenipigia simu sasa hivi njiani, sauti imemkauka. 'Mama,' anasema, 'nimekosea kazi, karibu nimuue mdogo wangu, mkono wangu hauaminiki tena. Mama, nafikiri kuiacha hii kazi.' Nami nilikulaani wewe, wewe uliyeturudishia mtoto! Nisamehe."

Mama mtu mzima, mwenye mvi, alikiinamisha kichwa chake mpaka paji la uso likagusa mikono ya mkwewe.

Hapo, msomaji, ilikuwa nafasi ya tatu. Ni watu wachache sana wanaopewa nafasi tatu katika siku moja.

"Yamekwisha, Mama," alisema Mpima Macho. "Nimekusamehe."

Mama mkwe aliinua kichwa, uso umeng'aa. "Mungu akubariki. Na mume wako usimseme sana. Amefanya uungwana. Badala ya kukaa kujificha, amekwenda kwenye lile jengo jipya kumfuata yule mwendesha kreni aliyechukua miwani kwenu asubuhi, akamgeuzie na yeye."

"Amgeuzie nini?"

"Lenzi. Anasema alizisoma pamoja na za mdogo wake, kwa mkao uleule. Kama hizi zilikuwa kinyume, na zile pia ni kinyume."

Mpima Macho aliinyofoa mikono yake akaikimbilia simu.

Mwendesha kreni! Alikuja dukani lilipofunguliwa tu, kijana mpole ambaye hakuwahi kuvaa miwani maisha yake yote, akachukua ya kwake na kwenda kazini akiwa na furaha. Hakuna mtu aliyezisoma lenzi zake kinyume. Na sasa kulikuwa na fundi, mwenye bisibisi mfukoni na huzuni moyoni, anakwenda kuzisahihisha.

"Halo, daktari wangu." Nyuma ya sauti ya mumewe zilisikika nyundo na injini.

"Umeshamgeuzia yule wa kreni?"

"Nimeshamaliza. Alishuka kunywa maji, nikamkamata hapohapo chini. Ameshapanda. Anashusha mabamba ya zege ghorofani."

"Mshushe!"

"Kwa nini?"

Mama mkwe alikuwa amesimama, anamtazama.

"Nafikiri," alisema Mpima Macho, "nafikiri za yule zilikuwa sawa."

"Unafikiri? Mke wangu, usinionee huruma. Nilizisoma meza ileile."

"Lakini huenda…"

"Huenda nini? Alilalamika kidogo kwamba anaona mbali kumekuwa karibu. Nikamwambia macho yatazoea."

Neno lile lilimchoma. Alifumba macho. Angelisema wakati ule, msomaji, angewahi: bamba lilikuwa lingali juu, mbali na watu. Aliuma mdomo, akahesabu nani atajua na nani hatajua. Na wakati anahesabu, kutoka kwenye simu ulisikika mlio mzito wa zege likigonga chuma, na watu wakapiga yowe.

"Kuna nini? Mume wangu! Kuna nini?"

"Bamba limegonga jukwaa!" Fundi alikuwa anahema. "Waashi wawili wamebanwa kati ya bamba na ukuta! Wanaongea, hawajaumia, lakini hawana pa kupita. Ngoja… msimamizi anauliza… ngoja, nakuweka sauti ya nje, hapa kuna kelele. Mke wangu, kwa nini ulisema za yule zilikuwa sawa? Sema haraka!"

"Kwa sababu hukusoma kinyume!" Alilia kwa sauti. "Hujawahi kusoma kinyume! Mimi ndiye niliyeandika alama za shemeji kinyume. Nikazifuta kwa kitambaa. Nikakusingizia wewe."

Alisikia nyundo zikinyamaza, moja baada ya nyingine. Karibu naye, mama mkwe alirudi nyuma polepole mpaka mgongo ukagusa kabati la fremu.

"Rudia," alisema mumewe.

"Nilikusingizia."

"Shemeji." Hiyo ilikuwa sauti ya dereva, na kwa mara ya kwanza haikuwa na mzaha ndani yake. "Kaka yangu aliniomba msamaha. Wewe ulikuwa umesimama pale."

Mama mkwe naye hakumkemea. Laiti angemkemea! Alizungumza taratibu, kama anayesoma habari za mtu mwingine.

"Nimekuinamia," alisema. "Nimekuinamia kichwa, na wewe ukanisamehe."

"Mama…"

"Rudisha. Vaa kile kidude, rudisha hii siku."

"Haigeuki mara mbili, Mama. Baba alisema."

"Basi utaishi nayo."

Kwenye simu kulikuwa na mabishano. Msimamizi wa jengo alikuwa akipaza sauti katika redio yake: mwendesha kreni asimamishe kila kitu. Amesimamisha. Je, anaweza kulivuta bamba nyuma, taratibu, awape waashi nafasi? Hawezi, kingo za bamba anaziona mbili. Avue miwani? Akivua anaona ukungu mtupu. Ashuke, apande mwingine? Hawezi kuviachia vile vishikio, upepo unalisukuma bamba, akiviachia litawasaga wale watu ukutani.

"Basi nitapanda mimi," alisema fundi.

"Kaka, wewe!" Dereva alidakia. "Wewe unayeshikwa na kizunguzungu kwenye ngazi ya kubadilishia taa?"

"Bisibisi ninayo mimi. Nani mwingine hapa anajua kufungua fremu bila kuivunja?"

"Mume wangu," alilia Mpima Macho, "nisamehe."

"Usinieleze sasa. Utanieleza nikishuka."

Aliitia simu katika mfuko wa shati bila kuikata. Dukani walisikia kila kitu: viatu juu ya vyuma, pumzi fupifupi, tena viatu, kisha upepo. Mara moja alisimama, wakamsikia akisema peke yake, "Usitazame chini, mjinga wewe," na mama yake akaziba mdomo kwa kiganja. Mpima Macho alitamani kumshika mkono. Hakuthubutu.

Hatimaye mlango wa chuma wa kibanda cha kreni ulilia, na sauti changa ya mtu aliyekaribia kulia ikasikika.

"Fundi, karibu. Samahani, siwezi kukupa mkono, nimeshikilia."

"Usijali. Tulia hivyohivyo. Nikuulize: miwani ilivyokuwa asubuhi na ilivyo sasa, ipi uliona vizuri?"

"Sijui, fundi. Sijawahi kuvaa. Asubuhi ilinizungusha, na sasa inanizungusha. Mlisema nitazoea."

"Tulisema, kweli."

Upepo ulipiga. Fundi aliitoa simu mfukoni, na sauti yake ilikuja karibu mno, kana kwamba amesimama dukani. Haikuwa na hasira. Hilo ndilo lililomvunja mkewe kabisa.

"Sikiliza. Nikiivua kumgeuzia, kwa muda atakuwa haoni kitu, na bamba tutalishika kwa kubahatisha. Naweza kufanya hivyo mara moja tu. Za mdogo wangu umekiri. Za huyu je? Alama zake uliziandika sawasawa? Nizirudishe kama zilivyokuwa asubuhi, au niziache?"

Mpima Macho alifungua kinywa kusema ndiyo, zirudishe. Kisha akavikumbuka visahani.

Visahani vilikuwa viwili. Aliviandika kwa mfululizo, kalamu ileile, mama yule wa cheo akiwa ameegemea kaunta. Aliingia wakati wa kisahani gani? Alianza kumsifu kabla ya kile cha kijana wa kreni, au baada yake? Alitafuta akilini, akaliona vazi la mama yule, akamsikia akisema "wewe ndiye mtu pekee asiyekosea." Mkono wake mwenyewe hakuuona. Hakuwa ameutazama. Miaka yote hiyo alikuwa hakagui alama zake mara ya pili. Kukagua ni kwa watu wanaokosea.

"Mjibu," alisema mama mkwe. "Mwanangu yuko juu. Mjibu."

Angeweza kubahatisha. Angeweza kusema kwa ile sauti yake thabiti, inayoaminiwa na mji mzima, naye mumewe angemwamini, hata sasa, hata baada ya yote.

"Sijui," alisema Mpima Macho.

Kisha, kutoka nyuma ya mumewe, mbali kidogo na simu, sauti ya yule kijana:

"Fundi, mikono inaanza kunichoka. Amesemaje?"